Mruko wa Panzi kwenye Ngazi za Bima

Tarehe 4 Juni

Mjukuu wangu Lenzi,

Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu sauti imeshaniaga. Daktari anasema uvimbe wa koo umefika pale alipokuwa akiuogopea. Nikijaribu kusema natoa mlio wa mlango unaohitaji mafuta, kwa hiyo simu kwangu sasa ni pambo. Mama yako ameninunulia kibao cheupe na kalamu ya kufutika, nami nakivaa shingoni kama mtoto wa chekechea. Basi nawe niandikie, tena kwa herufi kubwa, maana kioo cha simu kinanitoa machozi bila msiba.

Filamu yako ya vijana wanaoruka kwa mbao za magurudumu imekwisha. Ulipoitwa kazini ghafla, ukaniachia kadi zote za kamera kwenye bahasha na kusema, "Bibi, umekata filamu za watu maisha yako yote, kata na hii yetu," nilidhani unanitania. Nimeikata. Jumamosi tuliionyesha kwenye karakana ya yule fundi anayewachomelea vyuma vya kuteleza, kwa shuka lililotundikwa ukutani. Vijana wote walikuja, mbao zao kwapani kana kwamba tungeibiana. Mama yake Panzi alikaa mbele kabisa.

Unajua walivyo. Mtu akianguka kwenye picha wanacheka mpaka viti vinalia. Akifanikiwa wanagonga mbao zao sakafuni. Ilipofika mwisho, pale Panzi anaporuka ngazi za nyuma ya jengo la bima, ubao unajigeuza chini ya miguu yake, anaukanyaga, anatua na kutoka nje ya picha amesimama wima, waligonga mpaka fundi akaomba wamhurumie sakafu yake.

Panzi mwenyewe hakugonga ubao wake. Baadaye alinijia, kovu bado jekundu juu ya sikio, akaniambia, "Bibi Mkasi, sikumbuki kitu hata kimoja cha siku ile. Nilidhani nimepasua kichwa bure. Kumbe nilitua!"

Nikaandika kwenye kibao: *Pole, na hongera.* Akacheka sana.

Nakala nimeiweka humu. Itazame, halafu uniambie.

Bibi yako


Tarehe 17 Juni

Bibi yangu,

Shikamoo. Herufi nimezikuza mpaka rafiki ninayekaa naye ameniuliza kama naandika bango la kampeni.

Kazi ni ile ile: nabeba vifaa vya kamera kwa watu wanaopiga matangazo ya sabuni. Wiki nzima tumepiga picha ya povu. Chumba chetu kiko juu ya dobi, na mashine zake zikizunguka kitanda hutetemeka kama kina homa. Ndipo nilipoitazama filamu, kitandani, nikitetemeka pamoja nacho.

Bibi, nililia. Unajua mimi sikuuona mruko ule. Niliiacha kamera chini ya ngazi, juu ya miguu yake mitatu, ikijirekodia, nikaenda geti la mbele kumbembeleza mlinzi asitufukuze. Niliporudi Panzi alikuwa amelala chini na damu inatoka. Kadi ile sijawahi kuitazama. Nilikukabidhi kama mtu anayekabidhi nyoka. Kumbe alitua nikiwa getini, halafu akajaribu tena ili nami nione, ndipo akaanguka! Ndivyo ilivyokuwa? Mimi nimeshaamua ndivyo ilivyokuwa.

Na nimefurahi ulivyokumbuka sheria yetu. Nilikusumbua nayo sana: mruko haukatwi. Tangu magurudumu yanapoanza kubiringika mpaka mtu anapoondoka amesimama, picha ni moja. Ukikata katikati hakuna anayeamini, na filamu nzima inaoza kwa sababu ya sekunde hiyo. Kuna wahariri vijana hawajaelewa mpaka leo. Wewe umeelewa.

Sasa shika kiti. Niliipeleka kwenye maonyesho ya filamu za mbao yatakayofanyika hapa mwisho wa Agosti. Wameikubali, tena iwe ya kufungia! Na wanamtaka Panzi. Watajenga ngazi uwanjani, kimo kile kile, aurudie mruko wake mbele ya watu kabla filamu haijaanza. Nimewapa anwani yake, na wameshamwandikia. Kichwa si kimeshapona?

Mjukuu wako


Tarehe 30 Juni

Mjukuu wangu,

Barua yako niliisoma siku nne zilizopita, asubuhi. Mchana Panzi akaja na ya kwake, ya mwaliko, akaisoma kwa sauti mara mbili akitembea kutoka dirishani mpaka mlangoni. Anasema ameanza mazoezi. Mama yake hajui.

Panzi hakutua.

Nimeuandika mstari huo peke yake ili nisipate pa kurudi. Siku ile, kwenye kadi yote, hakuna mruko wa kuugeuza ubao hata mmoja aliotua. Ule ulioulilia nimeushona mimi.

Kamera haikusogea mchana kutwa, na Panzi alikuwa na shati lile lile. Mwanzoni aliruka mara moja bila kuugeuza ubao, kuupima urefu wa ngazi tu, akatua vizuri na kuondoka. Baadaye sana kuna jaribio ambalo ubao uligeuka sawasawa na mguu wake ukaugusa huko huko hewani, lakini walipofika chini ubao ulimkimbia. Nilichukua nusu ya juu ya jaribio hilo, na nusu ya chini ya ule mruko wa kupimia. Nikaziunga pale anapoanza kushuka. Kivuli cha ukuta kilikuwa kimesogea, kwa hiyo nikaitia giza kidogo pembe ile, kidogo sana. Ilikuwa kazi yangu ya mwisho, na sijui kama niliwahi kufanya nzuri kuishinda. Hilo ndilo linalonitia aibu kuliko yote: nilipomaliza nilifurahi.

Usinitetee kwa kusema ni ujinga wa kizee. Ni kweli, katika kazi yangu kuunga ndiyo heshima yenyewe. Mwigizaji anafungua mlango mji mmoja na kuingia chumbani mji mwingine, na hakuna aliyewahi kutuita waongo. Lakini kwenu si hivyo. Ulinieleza ukiwa umekaa ukingoni mwa kitanda hiki, nami nilikuelewa siku hiyo hiyo. Nilijua ninachokifanya.

Nikwambie kwa nini. Panzi alipotoka hospitali alikuwa anakuja kukaa nami kila alasiri. Swali lake lilikuwa moja: "Bibi, umeuona? Nilitua?" Nikimwandikia kwamba bado natafuta, anasema, "Basi nyuzi zikitolewa narudi ngazini." Nikaona nimpe mruko wake, ili aziache ngazi za watu. Nilidhani mtu akishashiba hatazami tena jikoni.

Kuna na sababu ya pili, ambayo si nzuri kama hiyo. Nilitaka filamu ipate mwisho kabla mimi sijapata wangu.

Sasa kile nilichomzuia nacho ndicho kinachomrudisha. Daktari alimwambia mama yake, nami nikiwepo: kichwa kile hakiruhusiwi kugonga chini tena, hata mara moja, hata baada ya miaka. Panzi anasema daktari anatia chumvi. "Mwili ulishafanya, Bibi, mwili unakumbuka." Mwili haukumbuki chochote, mjukuu wangu. Mwili haujawahi kufanya.

Nimejaribu kumwambia. Juzi niliandika kwenye kibao, *Hukutua.* Nikasikia kiatu chake ukumbini, nikafuta kwa mkono wa gauni. Mpaka leo lina doa. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Maradhi yangu mimi yanajulikana mpaka na muuza magazeti. Nilichoficha ni hiki, na kifo nakisikia kinavua viatu mlangoni.

Izuie filamu. Na umwambie wewe. Wewe ni rika lake, atakusikia.

Bibi yako


Tarehe 1 Julai

Dada Lenzi,

Mambo! Bibi Mkasi amenituma posta na barua yako. Ameigundisha mpaka pembeni, kana kwamba mimi ni mpelelezi, kwa hiyo yangu inasafiri kwa bahasha yake yenyewe.

Nakuja! Nimeshawajibu wale watu. Naruka kila asubuhi kwenye ukuta wa karakana, mdogo mdogo kwanza. Fundi ananiambia nivae kofia ngumu. Nimemwambia nikivaa kile chungu nitaonekana mjenzi aliyepotea kazi. Ananuna, lakini bado anainyoosha mihimili yangu ya magurudumu bure.

Nikwambie siri. Ile wiki ya hospitali niliogopa kwamba sitathubutu tena. Lakini kila nikijisikia vibaya naitazama ile picha. Najiona natua. Namwona mtu ambaye ni mimi, anaweza, na haogopi. Natamani kumfahamu.

Bibi amekonda. Nimempelekea chai, akaishika tu. Amenitazama mpaka nikamuuliza kama nina kitu usoni.

Panzi


Tarehe 12 Julai

Bibi,

Shikamoo.

Barua zenu mbili zilifika pamoja. Yake niliisoma kwanza. Laiti nisingeisoma kwanza.

Nimerudi kwenye picha nikaipitisha polepole. Nimepaona ulipounga. Kwa macho ya kawaida hapaonekani, na ndiyo maana nilikaa sakafuni nisijue nikasirike au nikupongeze. Nimekasirika. Kuna vijana wanaopoteza meno ili picha ya sekunde chache iwe ya kweli. Hiyo ndiyo mali pekee tuliyonayo, Bibi. Hatuna studio, hatuna taa, hatuna jina. Tuna neno letu tu kwamba kilichoonekana kilitokea.

Watu wa maonyesho nimewaambia filamu ina kasoro. Wamenipa mpaka katikati ya Agosti, niwaletee nyingine au niiondoe. Sababu sijawaambia bado.

Panzi sitamwambia mimi. Ulimpa mwenyewe, mnyang'anye mwenyewe. Utaniambia nina sauti na wewe huna, lakini kumdanganya hukuhitaji sauti. Nifanye nini mimi, nimpigie simu katikati ya mazoezi nimwambie yule mtu anayetamani kumfahamu hayupo? Mwambie. Mwambie upesi, kabla hajafika kwenye ngazi halisi.

Na mimi nina langu, kwa sababu sitaki kukaa juu ya kiti cha hakimu kikiwa na msumari. Siku ile Panzi alikuwa amechoka. Alitaka kuondoka. Mimi ndiye niliyemwomba abaki. Halafu mlinzi hakuwa mkali kiasi kile. Nilikwenda getini kwa sababu nilishindwa kumtazama akianguka tena. Niliiacha kamera imtazame badala yangu. Sasa unajua kwa nini niliipenda upesi ile hadithi kwamba alitua.

Kunywa dawa zako.

Mjukuu wako


Tarehe 27 Julai

Dada Lenzi,

Wewe ulijua tangu barua ile niliyoipeleka posta mimi. Hilo tutaliongea ana kwa ana, na nitakuwa mkali, jiandae.

Bibi aliniita. Nilimkuta ameketi mbele ya mashine yake, shuka mabegani kama mfalme aliyepinduliwa. Kibaoni ameandika: *Kaa. Usiseme mpaka mwisho.*

Nikamwambia, "Bibi, mimi na kunyamaza hatujatambulishwa."

Akakigonga kibao kwa kucha. Nikakaa.

Akanionyesha mruko. Halafu akaufumua mbele yangu, kama mtu anavyofumua pindo. Kipande cha juu akakiendesha mpaka mwisho wake: naanguka kwa makalio. Kipande cha chini akakirudisha mpaka mwanzo wake: natua, ndiyo, lakini ubao haugeuki. Ule hata mdogo wangu anauruka. Bibi akaiweka kalamu chini. Aligeuka akanitazama, akasubiri nimpige au nimlilie, sijui.

Niliondoka bila kuaga. Nilimtukana, dada, nisikufiche. Barabarani, peke yangu, lakini nilimtukana. Nikachukua ubao nikaenda moja kwa moja jengo la bima. Niliona dawa ni moja tu: niuruke kweli, jioni ile ile, uongo uwe ukweli na kila mtu alale.

Nikasimama juu ya ngazi. Mlinzi akatoka na kikombe chake. "Wewe si yule aliyenichafulia ngazi kwa damu?"

"Ndiye."

"Unaruka?"

"Naruka."

"Basi nisubiri nimalize zamu. Mara ile nilisugua mpaka kiuno kikakataa. Leo asugue mwenzangu, yeye bado kijana."

Nikacheka. Na nilipocheka ndipo nikaona bado nimeukumbatia ubao kifuani, sijauweka hata chini. Nikajua yule wa kwenye picha, asiyeogopa, ndiye angekuwa ameruka zamani. Mimi siye. Nikashuka kwa miguu, nimeshika bomba la pembeni kama mtu aliyetoka kufanyiwa upasuaji. Mlinzi akasema, "Sasa hapo umenisaidia."

Ilinichukua siku kadhaa kurudi kwa Bibi. Nilipoingia alikuwa kitandani. Nikamwambia, "Hasira bado ninayo. Nionyeshe kadi yote." Tukaitazama tangu mwanzo. Kabla ya ule wa mwisho akasimamisha, akaandika: *Si lazima.* Nikamwambia aendelee. Akanishika mkono. Sasa nimejiona. Si vizuri, lakini ni yangu.

Wale watu nimewaandikia sitaruka. Nimewaambia siwezi kurudia kitu ambacho sijawahi kukifanya. Mama yangu nimemweleza yote. Kanichapa kofi la bega, halafu kanipikia.

Tunaikata upya. Vidole vya Bibi havimtii tena, kwa hiyo yeye anaandika, mimi nabonyeza. Nikikosea ananipiga kwa kalamu. Harakisha kuja. Sisemi zaidi ya hapo.

Panzi


Tarehe 30 Julai

Mjukuu wangu,

Barua hii naiandika vipande vipande. Ukiona mwandiko umebadilika, ujue nililala katikati.

Uliniambia nimnyang'anye mwenyewe. Ulikuwa na haki, na mimi nilikuwa na uoga, nikauita busara kwa sababu nina mvi. Sikuomba msamaha wake. Nilimwonyesha kazi yangu ilivyo upande wa ndani, basi. Alipoondoka bila kuaga nilidhani nimemuua. Sikujua kwamba siku zinaweza kuwa ndefu kiasi kile kwa mtu aliyebakiwa na chache.

Filamu inakuja na bahasha hii. Mwisho wake ni mpya. Ni kipande kimoja kutoka kwenye kadi, hakuna muziki, hakuna mkasi: Panzi anajaribu, anaanguka, anaokota ubao, anapanda ngazi, anajaribu tena. Mtu anapita na mfuko wa ununuzi, anasimama kutazama, anachoka, anaondoka. Panzi anaendelea. Mara ya mwisho anapanda, anafika juu, anageuka. Hapo ndipo nimekata. Anguko lenyewe mama yake aliomba lisionyeshwe, na mwenye haki ya kuomba hilo ni yeye kuliko mtu mwingine yeyote. Baada ya hapo kuna giza, na maandishi aliyoyachagua Panzi mwenyewe: *Hakutua.* Nilitaka kuongeza sentensi ya kupendeza. Akanikatalia. "Bibi, umeshapendezesha vya kutosha."

Limebaki jambo moja, nalo ni lako.

Kwenye kipande hicho sauti yako inasikika. Panzi anasema, "Lenzi, miguu imekwisha, twende zetu." Nawe unasema, "Jua bado lipo. Panda." Halafu viatu vyako vinaondoka kuelekea getini. Ningeweza kuyatoa maneno hayo. Ni kazi ya kupepesa jicho, na hata wewe usingejua. Ungedhani kamera ilikuwa mbali mno. Kidole cha Panzi kilikuwa juu ya kitufe, kinasubiri nimwandikie.

Sikumwandikia. Nilimwashiria kwa mkono aendelee kusikiliza. Viatu vyako vikishapotea, anakujibu ingawa huwezi kumsikia tena. Anasema, "Haya, ila ukirudi njoo na maji," na anacheka peke yake, kisha anapanda.

Sijui maneno yako yana uzito gani, na kicheko chake kina uzito gani, ukiviweka mizani moja. Ningekuwa bado yule mshonaji wa mwezi wa tano ningekupimia mwenyewe, nikapunguza huku, nikaongeza kule, ukalala vizuri. Vyote nimeviacha mahali pake, kwa mpangilio wake. Wewe sitakushonea.

Bibi yako